Mwambutsa IV: Mwami wa Burundi aliyeomba asirudishwe nyumbani

Anayepanda kilima kutoka katikati ya jiji la Bujumbura kuelekea mashariki hufika Kiriri, mtaa ambao nyumba zake zinalitazama Ziwa Tanganyika na, ng'ambo ya pili, milima ya Kongo. Hapo ndipo Majesuiti walipojenga shule yao maarufu ya Saint-Esprit, majengo ambayo baadaye yakawa kampasi ya Chuo Kikuu cha Burundi. Juu zaidi, upande wa Vugizo, limejengwa kaburi la Mwanamfalme Louis Rwagasore, shujaa wa uhuru wa Burundi, aliyeuawa kwa risasi tarehe 13 Oktoba 1961 akiwa na umri wa miaka 29. Kila mwaka inapofika tarehe hiyo, viongozi wa taifa hupanda kilima na kuweka mashada ya maua.

Baba aliyempoteza mwana huyo alikuwa Mwami Mwambutsa IV Bangiricenge, mfalme aliyekaa kwenye kiti cha enzi kwa takriban nusu karne. Mtu angetarajia kwamba baba naye angelala karibu na mwanawe, au katika ardhi ya wazee wake. Sivyo. Mwambutsa amezikwa Meyrin, mji mdogo ulio kando ya Geneva nchini Uswisi, na amezikwa hapo mara mbili. Katika wasia wake aliagiza kwamba mwili wake usirudishwe Burundi. Miaka 35 baada ya kifo chake, agizo hilo liliifikisha familia yake na serikali ya nchi yake mbele ya mahakama za kigeni.

Kisa chake ni cha mfalme, lakini swali lililomo ndani yake ni la kila aliyezeekea ugenini: mtu akifa mbali na alikozaliwa, kumbukumbu yake ni mali ya nani?

Mtoto wa miaka mitatu

Mwambutsa alizaliwa mwaka 1912, wakati Burundi ikiwa sehemu ya Afrika Mashariki ya Wajerumani. Babu yake, Mwezi IV Gisabo, alikuwa amepambana na Wajerumani kwa miaka kadhaa kabla ya kulazimishwa kukubali mamlaka yao katika mapatano ya Kiganda mwaka 1903. Baba yake, Mutaga IV Mbikije, alitawala kuanzia mwaka 1908 na akafariki dunia akiwa bado kijana, mwishoni mwa mwaka 1915.

Mwezi Desemba mwaka huo mtoto huyo akatawazwa. Alikuwa na umri wa miaka mitatu na miezi kadhaa. Kwa jadi ya Burundi, mrithi wa ufalme alisemekana kuzaliwa akiwa ameshika mbegu mkononi, ishara kwamba ndiye atakayeilisha nchi. Jina lake pia halikuwa lake peke yake. Wafalme wa Burundi walipokezana majina manne kwa zamu: Ntare, Mwezi, Mutaga na Mwambutsa. Kila jina lilirudi baada ya mengine kupita, kana kwamba nchi haikuwahi kufiwa na mfalme, bali ilizunguka tu kama msimu wa mtama. Ngoma takatifu ya Karyenda ilikuwa alama ya mamlaka hayo, na wafalme waliofariki walizikwa kwa siri na heshima katika eneo la Nkiko-Mugamba, kaskazini-magharibi mwa nchi, chini ya uangalizi wa watu waliopewa kazi hiyo kwa urithi.

Hivyo mtoto huyo alibebeshwa kumbukumbu ya karne nyingi kabla hajawa na kumbukumbu yake mwenyewe. Nchi iliongozwa kwa niaba yake na wakubwa wa ukoo wa kifalme. Miongoni mwao walikuwa Ririkumutima, mmoja wa wake wa babu yake na mwanamke aliyekuwa na nguvu kubwa katika kasri, pamoja na wana wa Mwezi Gisabo, Ntarugera na Nduwumwe. Wakuu hao hawakupatana daima, na kila upande ulijua kwamba anayemshika mtoto ndiye anayeishika nchi.

Mwaka 1916, mfalme akiwa na umri wa takriban miaka minne, majeshi ya Ubelgiji yaliwaondoa Wajerumani. Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia ilikuwa imefika hadi kwenye vilima vya Burundi. Mtoto aliyetawazwa chini ya bendera moja akakulia chini ya bendera nyingine.

Mfalme chini ya bendera ya wengine

Baada ya vita, Shirikisho la Mataifa liliikabidhi Ubelgiji dhamana ya Ruanda-Urundi, na baada ya Vita Kuu ya Pili dhamana hiyo ikawa chini ya Umoja wa Mataifa. Wabelgiji hawakuufuta ufalme. Walichofanya ni kuutumia. Kati ya miaka ya 1920 na mwanzoni mwa miaka ya 1930 walipanga upya himaya za machifu, wakapunguza idadi yake, na katika kufanya hivyo wakawaondoa karibu machifu wote Wahutu. Madaraka yakabaki mikononi mwa Baganwa, yaani ukoo wa kifalme, na Watutsi. Mpangilio huo uliotengenezwa ofisini ulikuja kuzaa machungu makubwa baadaye.

Mwambutsa alianza kutawala kwa jina lake mwenyewe mwaka 1929, akiwa kijana wa miaka 17. Ibada za kale zilikuwa zinafifia. Sherehe ya Umuganuro, ambapo mfalme alibariki mbegu za mtama na kuufungua mwaka wa kilimo, ilikoma katika kipindi hicho cha ukoloni. Mfalme aliyesemekana kuzaliwa na mbegu mkononi hakuwa tena na siku ya kuzibariki.

Si kila mtu aliukubali utaratibu huo mpya. Mwaka 1934 mwanamke aliyeitwa Inamujandi aliongoza uasi kaskazini-magharibi mwa nchi, akitangaza kwamba mfalme mwingine yuko njiani. Uasi huo ulizimwa na utawala wa kikoloni kwa nguvu. Kwa Mwambutsa lilikuwa onyo la mapema. Wapo raia waliohisi kwamba mfalme waliyenaye hakuwa tena yule waliyemhitaji.

Mwenyewe alijenga sifa ya mtu wa zama mpya. Alipenda magari, muziki, dansi na safari za Ulaya. Waliomkosoa waliona humo uzembe, na waliomtetea waliona mtu aliyenyimwa kazi ya kweli na wakoloni, akaamua kuishi. Jambo moja ni dhahiri: katika miaka hiyo yote alijifunza sanaa ya kubaki. Aliwaacha machifu wagombane, akawaacha maafisa wa Kibelgiji waamini kwamba wanaamua, naye akabaki juu ya pande zote. Baganwa hawakuhesabiwa kuwa Wahutu wala Watutsi, na nafasi hiyo ya katikati ndiyo iliyoufanya ufalme uwe mahali ambapo pande zote ziliweza kukutana.

Baba na mwana

Mwaka 1930 Mwambutsa alimwoa Thérèse Kanyonga. Walijaliwa mtoto wa kiume, Louis Rwagasore, aliyezaliwa Gitega Januari 1932, na mabinti wawili, Rosa Paula Iribagiza na Regina Kanyange. Ndoa hiyo ilivunjika mwaka 1940. Mfalme alioa tena miaka sita baadaye, na mwaka 1947 mke wa pili, Baramparaye, akamzalia Charles Ndizeye. Wana hao wawili, kila mmoja kwa njia yake, ndio walioamua sura ya uzee wa baba yao.

Rwagasore alisoma Astrida, mji unaoitwa sasa Huye nchini Rwanda, kisha akaenda Ubelgiji. Aliporudi mwaka 1956 hakuwa mwanamfalme wa kukaa kasrini. Mwaka uliofuata alianzisha ushirika wa wafanyabiashara wa Burundi, na katika kazi hiyo akajenga urafiki wa karibu na Waswahili wa Usumbura, kama Bujumbura ilivyoitwa wakati huo. Mtaa wa Buyenzi, wenye misikiti yake na biashara zake ndogondogo, ukawa moja ya ngome za chama chake cha UPRONA. Chama hicho pia kilipata rafiki ng'ambo ya mpaka, katika TANU ya Julius Nyerere huko Tanganyika. Mwaka 1959 Rwagasore alimwoa Marie-Rose Ntamikevyo, msichana wa Kihutu, na wengi waliitafsiri ndoa hiyo kama tamko la kisiasa: Burundi ni moja.

Baba na mwana hawakuwa na tabia moja. Mwambutsa alizoea kusubiri, Rwagasore hakuwa na subira. Mwishoni mwa mwaka 1960 utawala wa Kibelgiji ulimweka mwanamfalme huyo katika kifungo cha nyumbani wakati wa uchaguzi wa mitaa, na wapinzani wake wa chama cha PDC wakashinda. Lakini katika uchaguzi wa bunge wa tarehe 18 Septemba 1961, uliofanyika chini ya macho ya Umoja wa Mataifa, UPRONA ilipata viti 58 kati ya 64. Rwagasore akawa Waziri Mkuu.

Uwaziri mkuu wake ulidumu wiki mbili tu. Jioni ya tarehe 13 Oktoba alipigwa risasi akiwa katika mkahawa wa hoteli kando ya ziwa. Aliyefyatua risasi alikuwa Mgiriki, Jean Kageorgis. Nyuma yake mahakama iliwaona vigogo wa PDC, wakiwemo Jean-Baptiste Ntidendereza na ndugu yake Joseph Biroli, watoto wa chifu maarufu Pierre Baranyanka na Baganwa kama mwathirika mwenyewe. Kageorgis aliuawa kwa hukumu ya mahakama tarehe 30 Juni 1962, mkesha wa uhuru. Ntidendereza, Biroli na wenzao watatu walinyongwa hadharani huko Gitega Januari 1963.

Rwagasore hakupelekwa Nkiko-Mugamba. Alizikwa juu ya jiji lililompa kura zake, Vugizo, mahali ambapo kaburi lake lingeonekana na watu wote. Wafalme wa kale walifichwa baada ya kufa, huyu aliwekwa wazi. Kaburi lake likawa mnara wa taifa ambalo bado halijazaliwa. Na Mwambutsa, aliyetawazwa baada ya kifo cha baba yake, sasa akawa baba aliyezika mwana.

Uhuru na damu

Tarehe 1 Julai 1962 Burundi ilipata uhuru wake ikiwa ufalme wa kikatiba. Kwa mara ya kwanza tangu utotoni mwake, Mwambutsa alikuwa mfalme wa nchi isiyokuwa na mtawala wa kigeni juu yake. Alikuwa na umri wa miaka 50.

Ndani ya UPRONA, pengo la Rwagasore halikuzibika. Mkwe wa mfalme, André Muhirwa, aliyekuwa mume wa Iribagiza, alichukua uwaziri mkuu, lakini chama kiligawanyika, na mgawanyiko huo ukachukua rangi ya kikabila. Habari za mapinduzi ya Rwanda, ambako Wahutu walikuwa wamechukua madaraka na maelfu ya Watutsi wakakimbia, wengi wao wakiingia Burundi, ziliwatia hofu wengine na kuwapa wengine matumaini. Mfalme akaanza kufanya kile ambacho katiba haikumtarajia afanye sana: kuteua na kuondoa serikali kwa mkono wake. Aliwapokeza uwaziri mkuu Watutsi na Wahutu, akitafuta mizani.

Januari 1965 alimrudisha Pierre Ngendandumwe, Mhutu aliyeheshimika. Siku chache baadaye, tarehe 15 Januari, Ngendandumwe aliuawa kwa risasi na mkimbizi kutoka Rwanda. Alikuwa Waziri Mkuu wa pili kuuawa katika muda usiofika miaka minne.

Kosa ambalo wanahistoria wengi humhesabia Mwambutsa lilikuja baada ya hapo. Katika uchaguzi wa Mei 1965 wagombea Wahutu walishinda viti 23 kati ya 33 vya bunge. Wengi walitarajia Waziri Mkuu atoke upande wa washindi. Badala yake, mwezi Septemba mfalme alimteua Léopold Biha, Muganwa na mtu wake wa karibu. Kwa waliopiga kura, ujumbe ulikuwa mchungu: sanduku la kura halikuwa na uzito mbele ya kasri. Mfalme aliyekuwa mahali pa kukutania akawa upande mmojawapo.

Usiku wa kuamkia tarehe 19 Oktoba 1965 maafisa Wahutu wa jeshi na polisi walishambulia kasri na nyumba ya Waziri Mkuu. Biha alijeruhiwa vibaya. Mfalme alinusurika, na jaribio hilo likazimwa na wanajeshi waliokuwa na Kapteni Michel Micombero. Kilichofuata kilikuwa kisasi. Maafisa na wanasiasa Wahutu, wakiwemo watu waliopigania uhuru bega kwa bega na Rwagasore kama Paul Mirerekano, waliuawa kwa kupigwa risasi. Vijijini, hasa huko Muramvya, Watutsi walishambuliwa, na baadaye Wahutu wengi zaidi wakauawa kwa kulipiza.

Mwambutsa alivuka kwenda Kongo, kisha akaelekea Ulaya. Hakukanyaga tena ardhi ya Burundi kama mfalme.

Ufalme unafungwa

Kwa miezi kadhaa alijaribu kutawala kutoka mbali. Machi 1966 alimkabidhi mwanawe Charles Ndizeye baadhi ya madaraka. Tarehe 8 Julai, kijana huyo, ambaye alikuwa bado hajafikisha miaka 19, alitangaza kwamba baba yake si mfalme tena. Micombero akawa Waziri Mkuu, na Septemba Ndizeye akatawazwa kwa jina la Ntare V.

Zamu ya majina ilikuwa imerudi kwa Ntare, jina la mwanzilishi wa ufalme. Lakini duara halikuzunguka tena. Tarehe 28 Novemba 1966, wakati mfalme huyo kijana akiwa ziarani Kinshasa, Micombero alitangaza jamhuri. Ndani ya miezi mitano, baba alipinduliwa na mwana, na mwana akapinduliwa na askari aliyemsaidia. Ufalme wa karne nyingi ukafungwa kwa tangazo.

Miaka mitano na ushei baadaye, mwishoni mwa Machi 1972, Ndizeye alirudi Burundi kutoka Uganda baada ya kupewa ahadi ya usalama. Aliwekwa kizuizini Gitega. Usiku wa tarehe 29 Aprili, siku yalipoanza mauaji makubwa ambayo Warundi huyaita kwa neno moja tu, Ikiza, naye aliuawa. Katika miezi iliyofuata, watu wanaokadiriwa kuwa kati ya 100,000 na 300,000, wengi wao Wahutu na hasa waliosoma, waliangamizwa. Makumi ya maelfu walikimbilia Tanzania, Zaire na Rwanda. Baadhi ya familia hizo, baada ya miongo kadhaa kambini, leo zinaishi Australia, Marekani, Kanada na Ulaya, na watoto wao wanazungumza Kiswahili walichojifunza Kigoma na Tabora.

Ntare V hakuzikwa kwa heshima ya kifalme, wala hakujengewa kaburi kilimani. Kwa hiyo, kufikia mwaka 1972, Mwambutsa alikuwa na wana wawili waliouawa katika ardhi ileile: mmoja mwenye kaburi ambalo taifa zima linaliona, na mwingine ambaye hapakuwa na mahali pa kumwekea ua.

Kuzeeka Geneva

Miaka ya mwisho ya Mwambutsa ilipita Uswisi. Mtu aliyetawazwa akiwa mtoto, akawaona Wajerumani wakiondoka na Wabelgiji wakija na kuondoka, akashuhudia bendera ya nchi yake ikipandishwa, sasa alikuwa mgeni mwenye vibali vya ukaazi kama wageni wengine. Hakuwa na ngoma wala baraza. Alichobaki nacho ni alichokumbuka.

Maisha ya namna hiyo, ya mtu aliyekaa mbali akiutazama wakati uliopita, yamekuwa mada ya wasanii wengi wa zama hizo. Mwaka 1975, wakati Mwambutsa bado yuko hai, mwongozaji wa Kirusi Andrei Tarkovsky alitoa filamu yake Zerkalo, maana yake Kioo, kuhusu mtu aliye mgonjwa anayerudiwa na picha za mama yake, nyumba ya utotoni na vita. Ndani yake kumbukumbu za familia moja zimechanganywa na picha halisi za historia, hadi mtazamaji haoni tena mpaka kati ya yaliyompata mtu na yaliyolipata taifa. Miaka minane baadaye Tarkovsky alitengeneza Nostalghia huko Italia, kuhusu Mrusi aliyeelemewa na hamu ya kwao. Mwaka 1984 alitangaza kwamba harudi Muungano wa Kisovieti. Alifariki dunia Paris mwaka 1986, akazikwa Ufaransa.

Mwambutsa hakutengeneza filamu, lakini naye maisha yake hayana mpaka huo. Haiwezekani kusimulia msiba wa familia yake bila kusimulia msiba wa Burundi, na kinyume chake. Waliouawa mwaka 1961, 1965 na 1972 walikuwa ni wanawe, mawaziri wake na raia wake. Baadhi ya maamuzi yaliyoongoza huko yalikuwa na saini yake.

Alifariki dunia mwaka 1977, akiwa na umri wa miaka 64, akazikwa Meyrin. Miezi michache kabla ya hapo, Novemba 1976, Micombero naye alikuwa amepinduliwa. Yule aliyeufuta ufalme alikufa mwaka 1983 huko Mogadishu, naye pia akiwa uhamishoni. Mfalme wa mwisho mwenye umri wa kuitwa mzee na rais wa kwanza wa jamhuri, wote wawili walifia ugenini.

Mabaki yenye kesi

Waswahili husema mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Mwaka 2012, Burundi ilipokuwa ikiadhimisha miaka 50 ya uhuru, serikali ilitaka msemo huo utimie kwa Mwambutsa. Mabaki yake yalifukuliwa Meyrin ili yarudishwe na kuzikwa kwa heshima za kitaifa. Hoja ya serikali haikuwa dhaifu. Nchi iliyopitia vita vya wenyewe kwa wenyewe ilihitaji alama zinazowaunganisha watu, na mfalme wa uhuru alikuwa mojawapo. Wapo ndugu walioona kwamba kumrudisha ni kumrudishia haki yake.

Lakini ndugu mwingine, binti wa upande wa ndugu za mfalme, alipinga mahakamani. Hoja yake ilikuwa fupi: marehemu aliandika wasia, na wasia unasema asirudishwe. Kesi ikapanda ngazi za mahakama za Uswisi. Kwa miaka, mabaki ya mfalme hayakuwa Burundi wala kaburini. Mtu aliyewahi kuishi kati ya pande mbili za kila mgogoro, sasa alikuwa kati ya pande mbili hata baada ya kufa.

Mwishowe wasia ulishinda. Mwaka 2017 Mwambutsa alizikwa kwa mara ya pili Meyrin.

Uamuzi huo unaweza kusomwa kwa namna mbili. Kwa jadi ya Burundi, mwili wa mfalme haukuwa wake. Ulikuwa wa nchi, kama jina lake, kama ngoma, kama mbegu. Kwa mtazamo huo, Warundi walinyimwa kilicho chao. Kwa sheria ya sasa, Mwambutsa alikuwa mtu kama watu wengine, mwenye haki ya kusema neno la mwisho juu ya mifupa yake. Tangu utotoni wengine walisema kwa niaba yake: walezi wa kasri, maafisa wa Kibelgiji, wanasiasa, hata mwanawe mwenyewe. Wasia ule ulikuwa uamuzi ambao hakuna aliyeweza kuutoa kwa niaba yake, wala kuupindua.

Kubaki kwake Meyrin hakumwondolei lawama ya mwaka 1965, wala hakupunguzi sifa ya kuifikisha nchi kwenye uhuru. Wala hakuwazuii Warundi kumkumbuka. Kumbukumbu haihitaji mifupa ili iwe ya kweli. Inahitaji kusimuliwa bila kufichwa, pamoja na majina ya waliouawa na ya waliotoa amri.

Kwa Warundi, Wakongomani na wengine waliozeekea mbali na kwao, suala hili si la wafalme peke yao. Katika jamii nyingi za wahamiaji, michango hukusanywa kila mwaka ili kusafirisha maiti nyumbani, na mara nyingi wazee hawakuwahi kuulizwa walichokitaka. Wengine wangependa kulala karibu na wazazi wao. Wengine, kwa sababu ya waliyoyaona, wangependa kubaki mahali ambapo watoto na wajukuu wao wataweza kuwatembelea. Mwambutsa aliamua mapema na akaandika, na bado ilichukua miaka mitano neno lake kuheshimiwa. Asiyeandika kitu huwaachia walio hai mzigo wa kukisia, na jambo la kukisia ndilo linalogawanya familia.

Rwagasore hakupata nafasi ya kuzeeka, na ndiyo sababu picha yake ni ya ujana daima, barabarani, hospitalini na kwenye sherehe za kila Oktoba. Baba yake alizeeka, akakosea, akapoteza, akakumbuka. Burundi imewahi kuwa na mashujaa wengi waliokufa wakiwa vijana. Wazee walioishi muda wa kutosha kuyatazama yote yaliyotokea, kisha wakachagua wenyewe pa kupumzikia, ni wachache zaidi.